Nyama Isiyo na Mhuri

Dolphine alikuwa mpishi katika hoteli ya Zablon pale Isebania, mahali madereva wa malori wanapokula kabla ya kuvuka mpaka. Alikuwa mjane kutoka Karungu, mwenye mikono mizito na maneno machache. Mumewe aliuawa na nyama ya ng'ombe aliyejifia malishoni. Dolphine alimwona akivimba shingo mpaka pumzi ikakatika. Kwa hiyo asubuhi ile Zablon alipobwaga gunia la nyama mezani, damu nyeusi isiyoganda ikachuruzika, alijua ni mzoga.

"Hii haina mhuri, boss. Daktari wa mifugo ameiona?"

"Wewe pika. Ikishaiva nani atajua?"

"Sipiki."

Kofi la kwanza lilimyumbisha, la pili likampasua mdomo. Dolphine alitema damu, akainua galoni la mafuta ya taa, akaimwagia nyama yote mpaka ikanuka jikoni kote.

Zablon alipagawa. Alimkamata mkono wa kulia, akamburuta hadi kwenye karai la mandazi, akauzamisha mkono huo katika mafuta yaliyokuwa yakitokota.

Ukelele wake uliwainua wateja wote. Walipoingia jikoni walimkuta chini, ngozi ya mkono ikimwambuka.

"Anataka kuwalisha mzoga!" aliwaambia.

Hawakuuliza zaidi. Walimshukia Zablon kwa mabenchi, kwa mateke, kwa mchi wa kutwangia vitunguu. Dolphine aliona jino likiruka, akasikia mbavu zikivunjika, na ndani yake akaona raha ambayo hakuwahi kujua anayo. Lakini dereva mmoja alipolishika lile karai kwa matambara ili ammwagie Zablon usoni, Dolphine alijikokota akamng'ang'ania mguu.

"Hiyo hapana! Mpigeni, lakini hiyo hapana!"

Dereva aliliweka chini. Polisi walipofika, Zablon alibebwa kama gunia.

Afisa wa afya aliteketeza nyama na kuifunga hoteli. Zablon alishtakiwa akatiwa hatiani, naye hadi leo anatembea na mkongojo. Dolphine alitoka hospitalini na vidole viwili vimeshikamana. Alizunguka hoteli za Migori akitafuta kazi, wenye hoteli wakanong'onezana kwamba huyu ndiye yule wa kumwaga mafuta ya taa.

Akarudi Karungu. Sasa anakaanga samaki ufuoni, kwa mkono wa kushoto. Mafuta yanapoanza kulia karaini hurudi nyuma, husimama kidogo, kisha hutia samaki.