Anwani ya Shangazi Nafula

Nayaandika haya kwa watu wa kwetu, hasa wale waliohama Noonkopir, mtaa wetu wa Kitengela, zamani na ambao bado huuliza yule dada yake Baba alienda wapi. Jibu letu la miaka yote lilikuwa kwamba aliolewa mbali. Haikuwa kweli. Alikuwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili Nairobi, na mimi nilijua.

Mwanzoni mwa mwaka 2006, Mama Njoki wa kanisani kwetu alikwenda kumwona mwanawe aliyelazwa huko. Akakuta mwanamke anakunja mashuka. Mwanamke aliposikia neno Kitengela alimshika mkono wa sweta na kusema, “Mwambie Eliud wa kiwanda cha simiti dada yake yuko hai, na amepona.” Mama Njoki alileta ujumbe huo Jumapili, Baba akiwa kazini, kwa hiyo ulinifikia mimi.

Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu mwaka uliotangulia. Sikuwa na kazi. Nilikuwa na shahada ya sosholojia na tabia ya kuwaza jambo moja mpaka linachakaa. Niliwaza siku tisa. Siku ya kumi nikamwambia Baba.

“Achana na hayo maneno,” alisema. “Huko anapata chakula na dawa. Hapa utampatia nini, hiyo degree?”

Lazima nieleze jinsi alivyofika huko. Mwaka 1994 Shangazi Nafula alikuwa akiishi kwetu. Mtoto wake mchanga alikufa, naye akaanza kusikia kilio chake ukutani. Alivunja dirisha, akatoka nje bila nguo. Baba alimpeleka hospitalini pamoja nami, nikiwa darasa la tano. Kwenye dawati la kupokea wagonjwa alikuwa amemshika Shangazi kwa mikono yote miwili, hivyo fomu nilipewa mimi. Penye anwani ya nyumbani Baba alisema, “Andika Loitokitok.” Nikamwuliza kama sisi si watu wa Noonkopir. Akarudia jina lilelile. Nikaandika Loitokitok, mji wa mbali karibu na mpaka wa Tanzania, kwa mwandiko mzuri niliosifiwa nao shuleni.

Jumatatu baada ya Baba kunikatalia, nilianza safari. Nilikuwa nimepiga simu hospitalini, na muuguzi aliyeitwa Sista Wanjiru akaniambia nilete barua ya kliniki ya akili ya wilaya yetu, ikisema watamfuatilia mgonjwa. Bila hiyo hatatoka. Kwa hiyo nilianza kwa kwenda upande mwingine, Kajiado. Kutoka Kitengela, ploti zenye mabango zilifuatana karibu hadi Isinya. Baada ya hapo nchi ilifunguka, nyasi kavu na mbuzi, nami nikitayarisha sentensi za kumwambia mtu nisiyemjua.

Saa nne nilifika hospitali ya Kajiado. Kliniki ya akili ilikuwa chumba kimoja cha nyuma chenye kabati la chuma na benchi mbili. Muuguzi Lemayian, mtu wa makamo mwenye sauti ya chini, alinisalimu kwa Kimaasai, “Sopa.” Nikajibu “Ipa,” na sentensi zangu zote zikapotea. Nikamwuliza kliniki ilianza lini.

“Katikati ya miaka ya tisini, na hii meza tu,” alisema. “Kabla ya hapo mgonjwa wa huku alifungwa kamba, akatupwa kwa Land Rover ya chifu, akapelekwa Nairobi. Mkoloni alijenga ukuta kule, sisi tukaongeza kufuli. Siku hizi dawa ziko hapa. Mtu anakuja mara moja kwa mwezi, anarudi kwa ng'ombe zake.”

Nilihesabu kimoyomoyo. Katikati ya tisini Shangazi alikuwa na mwaka mmoja au miwili tu kule ndani.

Nilipotaja jina lake, kalamu ya Lemayian ilisimama.

“Nafula? Huyo nilizunguka naye Loitokitok siku mbili. Hospitali ilisema amepona, wakaleta gari, wakanichukua hapa niwaonyeshe njia. Tuliuliza sokoni, kwa chifu, kwa makanisa yote. Hakuna mtu anamjua.” Akaweka kalamu chini. “Unajua dereva alituambia nini? Walipopita Kitengela, huyo mama aligonga dirisha akasema simamisheni, ni hapa. Akaonyesha hata njia ya kuingia. Dereva akamwambia mama, tulia, nyumbani ni mbali bado. Sisi tukacheka.”

“Kwa nini hawakusimama?”

“Karatasi ilisema Loitokitok. Kati ya karatasi na mgonjwa wa akili, wewe ungeamini nani?” Akaanza kuandika barua yangu. “Na si nyinyi peke yenu. Watu wa Loitokitok walioko kwa mafaili ni wengi kuliko wale walioko Loitokitok. Wengine wanaandika Lamu. Nani aliwaandikia?”

“Sijui,” nikasema.

Alinipa barua bila kuinua macho. Nadhani alijua.

Jumanne asubuhi nilipita Athi River na kufika hospitalini Nairobi kabla ya saa tatu. Niliukumbuka ukuta kuwa mrefu zaidi. Sista Wanjiru, mnene na mwepesi wa hatua, aliniongoza uani huku akinionyesha majengo kama mwenye nyumba: wodi za mawe za zamani, vyumba vya kufungia watu ambavyo sasa viliwekwa magodoro ya ziada, karakana ya kushona. Alisema wagonjwa wengi hupona wakakosa wa kuwachukua, na vitanda vyao havipati wagonjwa wengine. Nilipomwomba kuona faili, alifungua ukurasa mmoja akasoma kwa sauti isiyo na hasira: “Mgonjwa bado anashikilia kwamba anatoka mahali pasipokuwa kwenye rekodi. Dawa iongezwe.”

Shangazi alikuwa karakanani. Nywele zake zilikuwa zimekuwa nyeupe mbele. Alinitazama, akaendelea kukunja shuka mpaka likaisha.

“Wewe ni Wafula,” alisema. “Una masikio ya Eliud.”

Nilisema nimekuja kumchukua. Nikasema na mengine mengi, kwamba nilikuwa mdogo, kwamba nilitii, kwamba fomu niliijaza mimi. Alisikiliza kama mtu anayengoja gari lipite.

“Niliwaambia Noonkopir mwaka wa kwanza, na wa pili,” alisema. “Baadaye nikaanza kuwaza labda karatasi iko sawa, labda hiyo Noonkopir niliiota. Uko na miaka mingapi sasa?”

“Ishirini na tatu.”

“Basi ulipoandika ulikuwa mtoto. Sawa. Na miaka kumi na nane ulifika lini?”

Nimejaribu kulijibu swali hilo kwa njia nyingi tangu hapo, na kila jibu linaanza na neno “lakini”.

Sista Wanjiru alimwambia hakuna anayemfukuza. Shangazi alisema hataki kufia mahali ambapo mlango unafungwa na mtu mwingine. Akachukua mfuko wake, akawaaga wenzake mmoja mmoja kwa majina. Hilo lilichukua muda mrefu kuliko kusaini karatasi.

Saa tisa tulishuka Kitengela, nikiwa nimemsimulia njiani maneno ya Lemayian. Aliposimama kando ya barabara alitafuta uwanja ambapo swala walikuwa wakilala. Ulikuwa umejaa nyumba za ghorofa.

“Hapa ndipo nilipogonga dirisha?”

“Hapa.”

“Leo nisingepajua.”

Jioni Baba alirudi kutoka kiwandani. Alimpa Shangazi mkono kama anavyowapa wageni wa kanisa, akasema karibu, habari ya safari. Jirani alichungulia kuuliza tuna mgeni gani, Baba akasema ni mtu wa nyumbani, anapita. Mama alipakua ugali na sukuma. Tulikula mpaka Shangazi alipoweka mkono juu ya meza.

“Eliud, nilikuwa mgonjwa miezi mingapi?”

Baba aliendelea kutafuna.

“Mitano. Sista alinionyesha kwa faili. Miezi mitano.”

Kisha akaomba chumvi. Baba aliisogeza kwa kidole, akainuka, akaenda kulala kabla ya taarifa ya habari.

Niliyojifunza katika safari hii si mengi. Nilidhani ugonjwa ndio uliomchukua Shangazi. Ugonjwa ulichukua miezi mitano. Miaka iliyobaki tuliichukua sisi, tukiwa na akili timamu, tukienda kanisani, nami nikipita mitihani.

Sasa anaishi kwetu, chumba cha nyuma. Baba humsalimu. Kila mwezi naenda naye Kajiado kwa Lemayian kuchukua dawa, mwendo usiofika hata saa moja. Njiani huwa natayarisha maneno ya kumwomba msamaha, nayapanga, nayapangua, natafuta pa kuanzia. Tukifika huwa bado sijayapata, na foleni ya kliniki ile ni fupi mno kunipa muda.