Siku Mtani Wangu Aliponiamkia Shikamoo

Nawasalimu nyote mnaosoma, wazima na sisi tulio kwenye dawa. Mimi ni mama Elia, mkulima wa alizeti hapa Mwankoko. Shule niliishia darasa la saba, kwa hiyo nikikosea mnivumilie.

Kabla ya kuugua nilikuwa mtu wa kawaida, labda mkorofi kidogo. Jirani yangu Kitundu ni Mnyiramba, mimi Mnyaturu, basi ni mtani wangu. Ananizidi umri kwa mbali, lakini kila asubuhi alikuwa ananiita kupitia uzio wa minyaa: "Mnyaturu, hujafa tu?" Nami namjibu: "Nife, nani atakukumbusha kuoga?" Hapo siku inakuwa imeanza.

Ugonjwa ulianza kwa raha. Hilo watu hawaliamini. Usingizi ulikata lakini sikuchoka. Nililima, nikafua, nikaimba. Midomo ilipasuka kwa kuongea, miguu ikavimba, chakula nikakiona kinanichelewesha. Mume wangu mwanzoni alifurahi, na simlaumu, hata mimi ningefurahi. Kisha nikaanza kukandika nyumba. Nilimaliza yetu, alfajiri nikahamia kwa Kitundu, yeye na mkewe wakiwa wamelala ndani. Nikakandika kuta, nikakandika madirisha, nikaanza mlango. Kwa haki, ukuta wa nyuma ulikuwa unahitaji. Mlango haukuhitaji.

Wapo waliosema nimelogwa. Mchungaji aliniombea, halafu akamwambia mume wangu pembeni, "Baba Elia, mimi naendelea kuomba, wewe mpeleke Dodoma."

Huku kwetu mtu akitaja Dodoma kwa sauti ya chini, huulizi ofisi gani. Ni hospitali ya serikali ya wagonjwa wa akili. Tangu utoto tulitishiwa nayo. Mimi sikuogopa, tulipopita Ikungi niliwapungia watu mkono kama mheshimiwa.

Daktari alikuwa binti mdogo. "Shikamoo mama. Unajisikiaje?"

"Vizuri kuliko wote humu."

"Ndiyo maana umeletwa."

Dawa zilinilaza. Niseme yote: ulimi ulikuwa mzito, mate yalilowesha mto, choo kiligoma, na mikono ilitetemeka mpaka uji ukanywewa na gauni. Walipopunguza dozi nikaanza kuwaona wenzangu. Mama mmoja pale kwenye benchi alikuwa anasema, "Mimi siumwi, nimemleta dada yangu." Nikamshika mkono: "Mwenzangu, wote tulianza kwa kusema hivyo." Nilimbembeleza akubali dawa mpaka akalia. Kumbe kweli alikuwa amemleta dada yake. Nilimwomba radhi, akanisamehe, ila benchi alihama.

Muuguzi mmoja mzee alikuwa akitusimulia tukipalilia mchicha wa hospitali. Alisema zamani watu waliletwa pale wamefungwa kamba, na ndugu wengine walitaja kijiji cha uongo ili mgonjwa asirudishwe. "Siku hizi wengi wanakuja kwa miguu yao, wanachukua dawa, wanarudi makazini. Na wanafunzi wa uuguzi wanakuja kujifunza kwenu." Nikamuuliza wanajifunza nini kwangu. "Uvumilivu," akasema. Sijui kama alitania, siku hiyo nilikuwa na usingizi.

Nikapona. Nikarudi nimenenepa, maana zile dawa zinaleta njaa.

Nyumbani ndipo paliponishinda. Kila mtu alikuwa mpole. Jembe lilifichwa. Nikasema leo mvua itanyesha, kiangazi kikali kile, wifi zangu wakaitikia, "Itanyesha, wifi, tena kubwa." Na Kitundu, asubuhi ya kwanza, akasimama kwenye uzio, akavua kofia: "Shikamoo mama."

Mtu wa umri wa baba yangu! Nilirudi ndani nikalia. Wakanong'ona, mnaona, inaanza.

Nilitaka kitu kimoja tu, nihesabiwe mtu tena. Siku ya kliniki nikamuuliza daktari kama ipo dawa ya hilo. "Hiyo hatuna, mama. Endelea na hizi, na wao wape muda."

Muda niliwapa, shikamoo zikaendelea. Halafu kaka yake Kitundu akafariki, mzee aliyekula miaka yake. Msibani mtani ana kazi: amwigize marehemu, wafiwa wapate kucheka. Nisipofanya, nimekubali kwamba mimi si mtani wa mtu. Nikifanya, watasema kichaa kimerudi. Nilichambua mchele na wanawake nikiwaza hayo.

Nikainuka. Nikachukua kofia na fimbo ya marehemu, nikakaa kwenye kiti chake, nikakohoa kama yeye. "Ugali huu nani kapika? Mnataka nife mara ya pili?"

Mama mmoja akamvuta mwanawe. Mume wangu akasimama: "Mama Elia, twende ukapumzike."

Nikawaza, labda kweli imerudi. Mtu kama mimi atajuaje? Nikamtazama Kitundu, macho yake mekundu kwa kulia.

"Mwacheni," akasema. Akanisogelea. "Wewe Mnyaturu, kaka yangu alikuwa mwembamba. Kwa mwili huo utavunja kiti, tukuzike nacho!"

Watu wakaangua kicheko, mjane naye akicheka na kufuta machozi. Mimi nililia na kucheka, nikapewa sahani.

Nawashukuru madaktari, wauguzi, mchungaji, na mume wangu, ambaye alikuwa na haki ya kuogopa. Wewe uliye kwenye dawa, usiache kwa sababu umejisikia vizuri. Waulize kwanza waliokupa. Na ninyi mkimpokea aliyerudi, msimzidishie heshima.

Haya nimemsomea Kitundu. Anasema sikukohoa kama kaka yake, nilikohoa kama mbuzi. Nimebisha. Tumebishana mpaka mkewe akatufukuza uani, na bado sina hakika nani kati yetu yuko sahihi.