Filamu ya Dawati Letu

Nilirudi Nakuru mwaka wa 2007 na diploma ya utengenezaji filamu, pamoja na kamera niliyoinunua kwa kuosha vyombo ughaibuni. Hakuna aliyenisaidia, na sikuchoka kulisema hilo. Nilitaka kutengeneza filamu kuhusu rika langu. Nikaanza na wawili niliokaa nao dawati moja tangu darasa la kwanza: mmoja alikuwa fundi wa kuchomelea mageti hapo mjini, mwingine alilima mahindi Ndabibi.

Niliwarekodi kwenye buchari ya nyama choma wakila sahani moja. Mkulima aliitazama kamera akatingisha kichwa.

"Boss, umekaa huko miaka yote umerudi na hii tu? Hata gari hakuna?"

"Mwache," fundi akasema, akimsogezea chumvi. "Ako na diploma. Ataiendesha hiyo."

Wakacheka, wakaegemeana hadi vichwa vikagongana. Nimerekodi mengi tangu hapo, tena mazuri, lakini hakuna linalokaribia hilo.

Nilikuwa na sheria moja niliyomtangazia kila mtu: waliomo kwenye filamu huitazama kwanza, na asiyetaka kuonekana namtoa. Niliona inanitofautisha na wapiga video wa harusi.

Kisha Desemba tukapiga kura, na ghasia za Januari zikatugawa. Nyumba ya mkulima iliteketezwa, akaishia kwenye hema. Fundi alifukuzwa chumba chake cha kupanga, akahamia mtaa wenye watu wa kabila lake. Hakuna kati yao aliyemgusa mwenzake.

Mvua zilipoanza nilimpelekea mkulima filamu kambini, kwenye kompyuta yangu. Alipofika penye utani wa diploma alicheka. Akaniomba nirudishe nyuma, akatazama tena.

"Nitoe hapo," akasema.

"Umemkasirikia?"

"Yule? Aah. Lakini hawa wa hema za hapa wakiniona nikicheka na yeye, nitalala wapi?"

Siku iliyofuata nikaenda kwa fundi. Alifunga mlango kwanza, akapunguza sauti ya kompyuta. Naye alicheka palepale. Halafu akanigeukia.

"Ameona hii?"

"Ameona."

"Alicheka?"

"Alicheka."

Akajifuta uso kwa kiganja. "Basi mimi nitoe. Huku watu wanaulizana maswali. Lakini yeye mwache, anacheka vizuri."

Sikumwambia kwamba mwenzake naye ameomba kutolewa.

Nilikaa na picha zile wiki nzima. Walikuwa wameegemeana mno: popote nilipokata, bega la mmoja lilibaki na mwingine. Nikawatoa wote wawili, kama nilivyoahidi.

Filamu ilipoonyeshwa, watu walipiga makofi na mwalimu mmoja akanisifu kwa ufundi. Ile sehemu ya buchari bado imo. Inaonekana sahani ya nyama ikifuka mvuke, na chumvi pembeni, kabla hawajaketi. Kisha kinasikika kicheko kimoja, changu, kutoka nyuma ya kamera.