Kina cha Shimo

Jumamosi, migahawa ya mtaa wa Dengfeng haina meza ya mtu mmoja. Ndiyo maana nilijikuta nakula samaki na mama mmoja wa Lubumbashi, mnunuzi wa viatu, pamoja na kijana wa Morogoro anayesomea akiolojia hapa Guangzhou. Mama alimuuliza kazi yake.

"Ninachimba, mama. Huku bondeni, kando ya mto."

Mama aliweka kijiko chini. Kwao anayechimba anatafuta shaba. "Umefika mpaka Chine juu ya kuchimba? Na munapata?"

"Vigae vya vyungu, majivu ya majiko, mifupa ya samaki. Palikuwa na kijiji zamani sana. Kadiri tunavyokwenda chini ndivyo miaka inavyozidi."

"Na shaba?"

"Meiyou," kijana alijibu kwa neno la wauzaji wa hapa, yaani hakuna, akacheka. Mama hakucheka.

"Shimo yenu inafika wapi?"

Kijana alisimama, akagusa kiuno chake. Akasema wanakwangua udongo kwa mwiko wa mwashi na brashi, polepole, kutwa nzima.

Mama aliutazama ule mkono kiunoni. "Mutoto wangu anachimbaka shaba Kolwezi," alisema. "Akiingia mule, hata kichwa hauione."

Kisha akahamishia samaki wake kwenye sahani ya kijana. "Kula. Mama yako analalaka usingizi."

Ile miaka inayozidi chini ya shimo nilidhani ni ya vigae tu, mpaka nilipoutazama uso wa mama yule: shimo la mwanawe lilikuwa limemzeesha.