Shimo Nyuma ya Jiko la Kache

Meja Dzombo Charo alistaafu mara mbili. Mara ya kwanza alivua magwanda ya jeshi. Mara ya pili alivua koti jeusi na glavu nyeupe za mpambe mkuu wa Bunge, akapanda basi kutoka Nairobi na kurudi kwao Adu. Alikuja na mvi kichwa kizima, na hakuona sababu ya kuzionea haya.

Kazi ya mpambe ni kubeba siwa mbele ya Spika na kumtoa ukumbini mbunge aliyeamriwa kutoka. Wabunge wanaweza kutukanana mpaka jioni, mpambe hasemi neno. Spika akishaamuru, Dzombo alimwendea mkaidi taratibu, akasimama kando yake, mikono imenyooka, bila kumgusa wala kumsemesha. Hata wale waliopiga meza na kuapa kwamba hawatoki waliinuka. Dzombo aliamini kwamba kimya chake ndicho kilichowainua. Hakuwahi kukaa akafikiri kwamba nyuma ya kimya kile palikuwa na sheria, na askari, na mlango unaofungwa.

Dada yake mkubwa, Kache, ndiye aliyemlea baada ya mama yao kufariki. Alipofiwa na mume alirudi kwao, akapewa kipande cha shamba na kaka yao Mwaringa, ambaye sasa naye ni marehemu. Siku Dzombo aliporejea, Kache alimpokea kwa uji wa mahindi na nywele nyeusi tititi.

"Dada, umeposwa?" Dzombo aliuliza akicheka.

"Ningeposwa mahari ungepokea wewe. Hii ni rangi. Mwanao Purity alininunulia Malindi. Kesho njoo nikupake na wewe."

"Mimi? Mvi zangu nimezitolea jasho."

"Kwani Mzee Kavumbi zake aliziokota? Aliuawa shambani kwake, mchana, watu wanapita. Mpaka leo hakuna aliyeona."

Dzombo aliacha kucheka.

Zamani mvi zilimpa mtu kiti. Siku hizi, katika vijiji vingi vya bara ya pwani yetu, zinampa mashaka. Kijana akifiwa na mtoto hajiulizi kwa nini alichelewa kwenda zahanati. Anauliza ni nani mwenye mvi jirani. Na ukichunguza, mwenye mvi huwa ana shamba, na kijana huyo huwa ameshaonekana na wanunuzi. Haya tunayajua sote, tena tunaokwenda kanisani na msikitini tunayajua zaidi, nasi tumenyamaza.

Mvua zilipoanza, mtoto wa Mangi alishikwa na homa. Mangi ni mwana wa marehemu Mwaringa. Alimpeleka mtoto kwa mganga kwanza, na alipomfikisha hospitali muda ulikuwa umekwisha. Baada ya mazishi, wanawake waliokuwa wakienda kisimani na Kache wakaacha kumngoja. Akifika wao huondoka, ndoo nyingine hazijajaa.

Kisha asubuhi moja Kache alikwenda kuchuma mchicha nyuma ya jiko, akarudi mikono mitupu. Alimwita nduguye bila kupaza sauti. Palikuwa na shimo. Halikuwa la taka wala la choo. Lilikuwa jembamba, kingo zimenyooka, na urefu wake ulikuwa wa mtu mfupi.

"Wamenipima," Kache alisema.

Dzombo alikwenda kuripoti kwa polisi. Askari kijana alimpigia saluti, akamsikiliza.

"Shimo liko katika shamba la nani, Afande?"

"La kwetu."

"Limechimbwa na nani?"

"Hatujui."

"Sasa nimkamate nani, Afande?"

Jeshini Dzombo aliwahi kulala chini ya risasi, na hakuwa mwoga. Lakini kule alijua adui yuko upande gani. Hapa adui alipita asubuhi na kumwamkia. Usingizi ukamruka. Akawa anaketi akiegemea ukuta.

Mzee wa mtaa, Dena, aliitisha kikao uani kwa marehemu Mwaringa. Watu walikuja wengi kuliko walivyokuja mazishini. Mangi alisimama katikati.

"Mimi simtukani shangazi yangu," alisema. "Nataka aende kwa mganga ale kiapo cha papai. Kama hana kitu, anaogopa nini?"

Papai hilo husomewa maneno, na mshukiwa akilila, anayevimba mdomo ndiye mchawi. Bibi mwenye miaka ya Kache, akizungukwa na watu wanaomsubiri avimbe, hatakosa wa kupiga kelele kwamba amevimba.

Katika ukoo wao, mwanamke akishtakiwa, ndugu yake wa kiume husema kwanza. Akimtetea, neno hilo hupimwa. Akinyamaza, amemkana. Dena alimgeukia Dzombo. "Meja, tunakusikiliza."

Dzombo aliinuka. Na hapo, kwa mazoea ya miaka mingi, miguu ikamtangulia ulimi. Alimwendea Mangi taratibu, akasimama kando yake, mikono imenyooka, macho mbele. Ua ukanyamaza. Mangi alibadilisha mguu aliousimamia. Ilionekana kama atakaa. Kisha akacheka.

"Baba mdogo, hapa hakuna Spika!"

Vijana waliangua kicheko. Mangi akawageukia wazee.

"Mwaona wenyewe? Ameulizwa habari ya dada yake, na bila hata neno amekuja kusimama upande wangu."

"Kweli," mtu mmoja alisema. "Kweli," wakaitikia wengine. Kache alimtazama nduguye, pindo la leso likiwa kinywani.

"Sikuja upande wako," Dzombo alisema. Sauti ilitoka kavu, kama ya mtu aliyeamshwa. "Nisikilizeni. Huyu amenilea. Kama angekuwa mla watu angeanza na mimi, nilikuwa mdogo na sina mama. Haendi kula papai. Wewe Mangi, wale wageni uliowaleta kukagua mipaka ya shamba, walikuja kabla mtoto hajaugua au baada?"

Mangi aliwageukia vijana. Kicheko kilikoma, lakini hakuna aliyeondoka upande aliokuwa. Dena alifunga kikao, na watu walipokuwa wakitawanyika akamvuta Dzombo mkono.

"Mwondoe leo, Meja. Umesema vizuri, lakini umesema mwisho. Kesho mimi sitakuwa na la kuwaambia."

Alasiri ile ile walishika njia ya Mariakani, kwa Purity, aliyeajiriwa huko kwenye kiwanda cha maziwa. Kache alibeba nguo zake na kuku mmoja aliyekuwa akitaga. Walipofika aliuliza jambo moja tu.

"Nani anakaa na shamba?"

"Mimi."

"Basi jipake. Chupa nimeiacha juu ya kabati."

Dzombo alirudi Adu peke yake, akalifukia shimo, akapanda kunde juu yake. Kunde zilichipua.

Asubuhi moja akazikuta zimetupwa kando na shimo limefunguliwa upya. Safari hii lilikuwa refu zaidi. Kache ni mfupi. Dzombo huinama kila anapopita mlango wake. Hakuhitaji kamba ya kupimia.

Aliingia ndani, akaichukua chupa ya rangi. Akafungua mfuniko. Aliketi nayo mapajani kwa muda. Mtu akiuficha umri wake ili aishi, huwa amekwisha kukubali kwamba wazee wanaouawa wana hatia. Ndivyo ninavyoamini, ingawa simhukumu Kache. Dzombo alitoka, akaimimina rangi yote shimoni, akavua kofia, akaanza kufukia.

Mangi alipita njiani, jembe begani, udongo mbichi umeganda kwenye bapa lake.

"Shikamoo, baba mdogo."

"Marahaba, Mangi."

"Wafanya nini?"

"Nafukia."

"Fukia tu. Msimu huu udongo ni laini."

Dzombo alizunguka, akasimama ng'ambo ya shimo ili asiipe njia mgongo. Akaendelea kufukia, kichwa wazi, mvi zinaonekana na kila apitaye.