Chuma cha Torleiv

Mwaka aliokufa Ågot, wanawake wa bondeni walimhurumia mumewe kupita kiasi. Ilipokaribia Krismasi walianza kupanda kilima mmoja mmoja, kila mmoja na kopo lake la bati, ndani yake vikeki vya sikukuu. Torleiv aliwapokea mlangoni, akawashukuru, akapanga makopo barazani kwenye baridi bila kufungua hata moja. Yalipokuwa mengi aliyafunga juu ya sleji ya kuburuta kwenye theluji, akateremka nayo kijijini, na kulirudisha kila kopo kwa mwenyewe.

"Asante," alimwambia kila mmoja. "Nyumbani kwangu tunaoka wenyewe."

Watu walisema uchungu umemvuruga akili. Haukumvuruga kitu. Torleiv alizaliwa hivyo hivyo. Alikata miti msituni tangu ujana, na baraza la kata lilipotaka kupitisha barabara katikati ya malisho yake, aliwakatalia mpaka wakaizungusha nyuma ya ghala. Sasa huyo ndiye unayemletea sahani ya huruma.

Nao walijua vizuri walichokuwa wakimfanyia. Katika bonde lile, nyumba isiyokuwa na aina saba za vikeki vya kuoka wakati wa Krismasi ni nyumba iliyokwisha. Aina saba, si sita. Mkate hauhesabiwi, na cha kupewa hakihesabiwi kabisa. Wageni hunywa kahawa, husifu hali ya hewa, na macho yao yanatembea mezani yakihesabu. Kumpelekea mtu kopo ni kumwambia kwa upole kwamba nyumba yake imekwisha, na Torleiv aliusikia ujumbe huo bila kuhitaji mkalimani.

Aliyemkera kuliko wote alikuwa shemeji yake, Gudveig, mdogo wa marehemu. Huyo hakuleta kopo. Alikuja kudai chuma.

Chuma chenyewe ni kile cha kuchomea krumkake, vikeki vyembamba kama karatasi: sahani mbili nzito za chuma zenye nakshi, zinazofungana kama kitabu, na mikono mirefu ya kushikia. Kilitoka kwa bibi kikaenda kwa mama, kikatoka kwa mama kikaja kwa Ågot, binti mkubwa. Ågot hakuzaa binti. Kwa desturi, basi, zamu ilikuwa ya Gudveig, na hakuna aliyeweza kusema anadai kisicho chake.

"Sikinyang'anyi, shemeji," alisema Gudveig siku ile. "Lakini chuma cha mama hakiwezi kukaa kabatini kwenye nyumba isiyooka."

"Nani kasema haioki?"

"Wewe? Aina saba?"

"Njoo Jumamosi kabla ya Krismasi," Torleiv akamwambia. "Ukikuta nyumba haioki, kichukue."

Akajifungia jikoni. Unga, siagi, mayai na iliki alivijua, kwa kuwa jioni zote za majira ya baridi alikuwa ameketi pembeni ya jiko lile akimtazama mkewe. Lakini kutazama ni kitu kingine na mikono ni kitu kingine. Vikeki vya kukaangwa kwenye mafuta ya nguruwe vilimrukia na kumchoma kiganja. Ile chumvi ya pembe ya kuumulia unga ilimtoa machozi kwa mvuke wake mkali alipofungua oveni, akatukana peke yake kwa sauti, kisha akaendelea. Vya kwanza alivimwagia kuku. Vya pili navyo. Kuku wa Torleiv walinenepa mwezi ule, lakini hadi Ijumaa aina sita zilikuwa zimepangwa vizuri ndani ya makopo ya Ågot.

Ilibaki krumkake, na hapo ndipo penye kazi. Krumkake ni kazi ya watu wawili. Mmoja anamimina uji wa unga na kugeuza chuma juu ya moto, mwingine anakipokea kikeki kingali laini na kukiviringisha upesi kwenye kijiti chenye ncha. Kikipoa kidogo tu kinakuwa kigumu, ukikikunja kinavunjika. Miaka yote Ågot alimimina, Torleiv akaviringisha. Sasa alikuwa na mikono miwili tu. Akiviringisha kimoja, cha ndani kinaungua. Akiokoa cha ndani, cha nje kimeshakauka. Aliumia moyoni kuliko alivyoumia makaburini, kwa sababu kule angalau watu walikuwa wamesimama naye.

Hali ndiyo hiyo Gudveig alipoingia Jumamosi, mfuko wa turubai mkononi.

"Nimekuja kuchukua chuma, shemeji."

"Hicho hapo. Kichukue."

Chuma kilikuwa jikoni juu ya moto, kinatoa moshi.

"Kina moto."

"Naona."

"Basi nitasubiri kipoe."

"Subiri," Torleiv akasema, akatia kuni nyingine.

Gudveig aliketi bila kuvua koti lake. Alitazama kikeki kikiungua, kingine kikivunjika, na vidole vyake vilianza kucheza vyenyewe juu ya magoti. Alimwambia mara moja tu kwamba kazi ile haifanywi na mtu mmoja. Torleiv alimjibu kwamba analijua hilo kuliko yeyote. Hakumwomba msaada, na mwanamke yule hakuwa wa kujisogeza bila kuombwa. Kisha Torleiv akaacha kabisa kuviringisha. Akawa anavitoa vilivyo, bapa, vya dhahabu, nakshi za bibi zote zinaonekana, akavirundika mezani.

"Hivyo si krumkake," Gudveig akasema.

"Nyumba hii ina mtu mmoja. Krumkake ya mtu mmoja iko hivi."

Kuni ziliendelea kuingia jikoni mpaka giza likatanda, na Gudveig akarudi nyumbani na mfuko wake mtupu.

Siku ya pili ya Krismasi walipanda kilima wote, wale wa makopo na Gudveig mwenyewe, kuja kunywa kahawa na kuhesabu. Mezani palikuwa na sahani saba. Walipoifikia ya saba, na vile vibapa vyake, mmoja akakohoa huku akimtupia Gudveig jicho. Nani mwingine angetoa hukumu, kama si mwenye haki na chuma? Torleiv alisimama na birika mkononi.

Gudveig alichukua kimoja, akakiinua kwenye mwanga wa dirisha, akakitazama. Akakivunja, akala taratibu mpaka kikaisha, kisha akajifuta chembe kwenye midomo.

"Ni saba," aliwaambia wenzake.

"Sikukuuliza, shemeji," Torleiv akasema, akamjazia kikombe.