Mngazija Aliyeitwa Shambani

Harufu ya vitunguu vikikaangwa kwenye samli ndiyo iliyonionyesha kwamba dunia haiishii Zuzu. Harufu za kwetu nilizijua zote na wala sikuzijali: moshi wa samadi kavu ndani ya tembe, ngozi mbichi iliyowambwa juani, maziwa yaliyoganda kibuyuni, ardhi nyekundu inapopata mvua ya kwanza. Hii ilikuwa ngeni. Ilitoka kambi ya reli, ng'ambo ya korongo, ambako Wajerumani walikuwa wameleta chuma na watu wa kila namna ili gari moshi litoke Dodoma liende magharibi, na asubuhi upepo ukituelekea iliingia mpaka zizini. Mama alikuwa anauza maziwa kambini, nami nikamwomba anichukue. Alidhani nataka kumsaidia kubeba kibuyu. Nilitaka tu kujua kinachonukia vile ni kitu gani, na kama kinaliwa.

Mkaangaji alikuwa mpishi wa Bwana Mkubwa wa kambi, mhandisi wa Kijerumani mwenye ndevu nyekundu. Mpishi huyo aliitwa Msa, mtu wa Ngazija, mwembamba, mwenye matege kidogo na kofia safi ambayo sijui aliifulia maji gani, maana maji yetu yote yalikuwa na rangi ya udongo. Alinipa kipande cha kitunguu kibichi. Nilikitafuna machozi yakanitoka, na sikutema, kwa sababu nilikuwa nimetembea mwendo mrefu kukifuata. Akacheka sana, akamwambia Mama kwa ishara kwamba mtoto huyu ni mbishi. Tangu siku hiyo nilikwenda naye kila mara, na Kiswahili nilichonacho leo, ambacho baadaye walimu wa misheni walikisifu wakidhani ni kazi yao, nilikiokota penye mafiga ya Msa.

Nilikuwa na maswali mengi kuliko adabu. Nilimuuliza Ngazija kuna nini, akasema kuna mlima unaotoa moto. Nikamuuliza nani aliuwasha. Nilimuuliza bahari inalindwa na nani usiku isitoroke. Siku moja nilimuuliza kama kwao wanaume wote hupika, naye akaweka mwiko chini akanitazama kama mtu aliyeguswa kidonda. Akasema yeye si mpishi. Alikuwa amekuzwa Unguja, na huko kazi yake iliyojulikana na mji mzima ilikuwa kucheza mpira. Nikamuuliza mpira unalimwa au unafugwa.

Basi akaingia hemani akatoka nao. Ulikuwa wa ngozi iliyochakaa, umeshonwa vipande vipande, na mkubwa kuliko kichwa changu. Akautupa juu ya mguu ukakaa hapo. Akautoa mguuni ukapanda gotini, begani, ukateremka mgongoni, ukarudi kwenye kisigino kama ndama anayemjua mama yake. Alieleza huku akifanya. Wangazija wa Unguja walikuwa na timu yao, wakicheza na Wazungu wa simu na vijana wa shule ya misheni, na yeye alikuwa winga wa kushoto. Akianza kukimbia pembeni, watu walikuwa wanasimama barazani kabla hajafika popote. Yote hayo aliyaacha kwa sababu ambayo niliielewa mara moja: alisikia kwamba bara kuna gari linalokwenda lenyewe, akataka kuliona. Mjerumani aliyekuwa anatafuta mpishi akamwahidi atalipanda. Hakumwambia kwamba atafungwa na mkataba wa kufuata reli mpaka itakapoishia, na reli ilikuwa inazidi kwenda mbali na bahari.

Nchi yetu haikuupenda mpira wake. Ukienda popote Zuzu unakanyaga mwiba, na mwiba wa mgunga haujali kitu kilitoka wapi. Siku moja mpira ulibingirika kichakani, ukatoa pumzi ndefu, ukalala. Utumbo wake wa ndani, ule unaopulizwa, ulikuwa umetoboka mahali pengi kuliko uwezo wa kuziba. Msa alikaa chini akaushika mapajani. Kilichomuumiza zaidi ni kwamba Bwana Mkubwa alikuwa ametangaza mechi siku ya kuzaliwa mfalme wao, watu wa kambi dhidi ya askari wa boma la Dodoma, na wageni wangekuja kutazama. Bwana alikuwa na rafiki zake mabaharia Dar es Salaam waliopenda sana mchezo huo. Alikuwa amemwambia Msa kwamba akionyesha siku hiyo kile anachojisifia jikoni, atamfungulia mkataba na kumpeleka pwani acheze kule. Kutoka Dar es Salaam hadi Unguja, alinieleza Msa, ni kama kutoka kwetu kwenda kwa shangazi. Mechi ile ndiyo ilikuwa njia yake ya kurudi nyumbani, na mpira ndio huo ulikuwa umekufa.

Haukupita muda ng'ombe wa Baba, dume jeusi lenye pembe pana, akatumbukia kwenye handaki la reli akavunjika mguu. Ikabidi achinjwe. Sasa, kwetu ng'ombe hachinjwi tu watu wakala. Kila kiungo kina mwenyewe kabla hata kisu hakijanolewa: paja la mjomba, kidari cha wakwe, shingo ya wachungaji, na kadhalika mpaka mkia. Na aliyepokea chake, mvua ikinyesha, huitwa shambani na mwenye ng'ombe. Hakuna anayeeleza jambo hilo, kwa sababu hakuna asiyelijua. Msa alikuja mbio na mfuko wake mtupu. Alimwamkia Baba shikamoo, na Baba, ambaye hakujua salamu hiyo inajibiwaje, akamjibu kwa Kigogo kwamba naye pia. Kisha Msa akaonyesha tumboni mwa ng'ombe akaomba kibofu cha mkojo.

Wazee walicheka. Baba hakucheka. Alifikiri kidogo, akakikata kibofu kwa mkono wake mwenyewe, akakisuuza, akampa kwa mikono miwili kama alivyowapa wengine. Msa alishukuru akaondoka upesi, akidhani amepewa kitu ambacho kingetupiwa mbwa. Alikipaka samli na chumvi, akakipuliza kwa bua, akakifunga kwa mshipa na kukishindilia ndani ya ngozi ya zamani. Mpira ukafufuka. Ulidunda ovyo mwanzoni, ukielekea upande wake wenyewe, lakini alikaa nao jioni baada ya jioni mpaka wakaelewana.

Mvua ilichelewa mwaka ule, halafu ikaja kwa fujo, na magugu yakapanda pamoja na uwele. Baba alisubiri jua la kutosha kukausha udongo, akapanga siku ya palizi, akatutuma watoto kuwaita wote waliomla dume jeusi. Mimi nilipewa njia ya kambini kwa kuwa niliijua. Nilimkuta Msa anachuja mchele. Nilimwambia Baba anamwita kesho aje na jembe, kama hana atapewa. Akadhani natania. Kesho ndiyo ilikuwa siku ya mfalme.

"Mimi nilichukua kibofu tu," akasema.

"Kibofu kilikuwa cha ng'ombe," nikamwambia.

Akaacha kuchuja. Akauliza itakuwaje asipokuja, kama Baba atamshitaki kwa jumbe au atamdai ng'ombe. Nilishangaa, maana kwetu hakuna mtu aliyewahi kuuliza swali hilo. Nilimjibu nilivyojua.

"Hakuna kitu. Hatakuita tena, basi."

Akarudia mchele wake. Nilirudi nyumbani nikiomba asije, kwa sababu nilitaka sana aende kwenye mechi. Nilikuwa nimeuona mpira ukikaa kwenye kisigino, nikataka kuona utafanya nini watu wengine wakijaribu kumnyang'anya. Nilikuwa nimeshapanga namna ya kutoroka palizi nikatazame.

Asubuhi alikuja, mpira ameuacha kambini uchezwe. Alikuwa amevua kofia, amejifunga kanga ya zamani kiunoni, na jembe alilishika kama mwiko. Baba alimwonyesha mstari wake kati ya mjomba na mkwe. Alikata uwele mwingi kuliko magugu, na wajomba zangu, ambao ni watani wa kila mtu, walimwambia kwa Kigogo kwamba mfalme wa Wajerumani angempenda sana kwa kuangamiza mazao hivyo. Nilitafsiri nusu tu. Baba alipita nyuma yake akirudishia udongo kwenye miche iliyolegea.

Jua lilipopanda, upepo ukaanza kutoka upande wa kambi, na pamoja nao kelele za watu. Msa akasimama wima. Ikaja sauti moja ya wengi, ikapanda, ikakatika ghafla. "Umetoka nje," akasema peke yake, akainama kulima. Ikaja nyingine, fupi na kali. "Mtu ameanguka." Mimi nilikuwa natafsiri bila kuambiwa. Majembe yakaanza kupungua mwendo. Mjomba, yule aliyemcheka zaidi, akauliza sasa wanafanya nini. Msa akasikiliza, kichwa kimeinama upande. Akasema askari wanasukuma mpira wote pamoja, kwamba hawana mtu wa pembeni, kwamba upande wa kushoto pale ni wazi kabisa, mtu angepita hata akitembea. Alisema hayo mkono wake ukionyesha upande wa kushoto wa shamba letu, na sote tukatazama huko, tukaona uwele. Baba ndiye aliyekuwa wa mwisho kuuliza. "Na sasa?" akasema, jembe begani. Muda huo kelele zilikuwa zimeshuka mpaka hazisikiki, halafu zikapasuka zote mara moja na hazikuisha. Msa akasema ni bao. Baba akauliza la nani. Msa akasema kutoka hapa hawezi kujua.

Tulipokaa kula ugali na mlenda nilimfuata. Nilikuwa na hasira naye, hasira ya mtoto aliyenyimwa kuona kitu. Nilimuuliza kwa nini hakwenda. Alikuwa anatazama malengelenge kiganjani.

"Kule walikuwa wananitaka," akasema. "Huku nimeitwa. Tangu nishuke pwani nimeamriwa na nimepigiwa kengele, mwanangu. Kuitwa pamoja na ndugu za mtu, sijawahi."

Jioni nilimweleza Baba yote, mechi na ahadi na bahari. Alinisikiliza mpaka mwisho, akainuka akachukua fimbo, akaniambia nimfuate. Hakuwahi kukanyaga kambini. Alisimama mbele ya hema la Bwana Mkubwa na matope ya shamba miguuni, na mimi nikawa ulimi wake. Alisema mpishi asilaumiwe, yeye ndiye aliyemwita, kwa kuwa ni ndugu yake. Yule Mzungu, ambaye Kiswahili alikijua vizuri, aliuliza Mgogo na mtu wa visiwani wana undugu gani.

"Wa ng'ombe," Baba akasema.

Bwana Mkubwa akacheka, ingawa si kwa ubaya. Akasema amekwisha kumchagua askari mmoja aliyekimbia vizuri upande wa kushoto, naye ataondoka na gari la kesho kwenda pwani. Msa alikuwa nyuma ya hema anaosha sahani. Niliona mikono yake ikisimama majini, kisha ikaendelea.

Kambi ilihama pamoja na chuma, na yeye akahama nayo kuelekea Tabora. Kabla ya kuondoka alikuja kumuaga Baba, wakaketi pamoja bila mkalimani kwa sababu Baba alinifukuza. Vita vilipokuja, reli ikawa ya wengine na habari zote zikachanganyika. Kuna aliyesema Msa alifariki Tabora kwa homa, kuna aliyesema alionekana Unguja amenenepa, anauza vitumbua. Zote mbili nilizisadiki kwa zamu, kutegemea siku.

Sasa ninaishi Kikuyu, mjini Dodoma, na dirisha langu linatazama kiwanja ambacho vijana wanacheza kila jioni. Shamba la Zuzu bado lipo, nalo tunalilima kwa vibarua. Nikituma habari za palizi, ndugu hunitumia pole na fedha kidogo, kila mtu na udhuru wake, na siwalaumu, maana hata mimi ng'ombe nimeacha kuchinja. Wajukuu zangu wana redio inayowaeleza mechi ya Dar es Salaam hatua kwa hatua, na wanajua kila mchezaji ametoka timu gani, anatumia mguu upi, amefunga mara ngapi. Nikiwasimulia habari za Msa, huuliza swali moja tu, kama kweli alikuwa hodari au alijisifu jikoni. Nawajibu kwamba sijui. Sijawahi kumwona akicheza na watu. Siku ile moja ambayo ningeweza kumwona, alikuwa kwetu, analima.